Risala ya klabu ya midahalo kwa mgeni rasmi: Profesa Ali Mazrui, mtoto wa Mombasa

Mheshimiwa Mgeni Rasmi, Mwalimu Mkuu, walimu wetu, wazazi na wanafunzi wenzetu, hamjambo? Karibuni sana shuleni kwetu.

Tulipoambiwa mgeni wa mwaka huu ni mhadhiri wa uhusiano wa kimataifa hatukubishana sana risala iwe juu ya nini. Kuna mtoto wa mji huu huu aliefanya kazi kama yako mpaka dunia ikamjua, na ukituuliza habari zake wengi wetu tutakwambia "ah, yule profesa Mazrui" basi, hapo ndo mwisho wa elimu yetu juu yake. Hilo linatuuma, kwahiyo leo tunamsema yeye.

Ali Mazrui kazaliwa hapa Mombasa tarehe 24 Februari 1933. Babake ni Sheikh Al-Amin bin Ali, Kadhi Mkuu wa Kenya, alietoa gazeti la Sahifa mwaka 1930 halafu Al-Islah, yaani nyumba yenyewe ilikuwa ya kusoma na kujadiliana, na ukoo ndio uliotawala Mombasa mpaka 1837 Seyyid Said alipouchukua mji. Lakini mtihani haujui ukoo. Ule wa Cambridge, mtihani wa sekondari uliotungwa Uingereza, Ali alipata daraja la tatu, chuo cha Makerere kule Kampala, Uganda, wakamkatalia, babake keshafariki tangu 1947, ikabidi ashike kazi ya ukarani kwenye chuo cha Waislamu hapa hapa, kile ambacho baadae wazazi wetu walikiita Poli na leo ni Chuo Kikuu cha Kiufundi cha Mombasa.

Ikaja Maulidi, Ali akapewa nafasi ya kuhutubia na Gavana Philip Mitchell yupo anasikiliza. Gavana alivutiwa na kijana, habari ya skolashipu ikaanzia hapo, na 1955 akaenda Huddersfield, Uingereza, kumalizia sekondari. Alipofika huko hakushikika tena: digrii ya kwanza Manchester 1960, ya pili Columbia kule New York 1961, udaktari Oxford 1966. Na hata Oxford hajamaliza, Makerere ile ile iliyomkataa ikamwajiri 1963, haikupita miaka mingi akawa profesa na mkuu wa idara ya sayansi ya siasa, halafu mkuu wa kitivo. Mheshimiwa, sisi wenye mtihani wa KCSE wa kidato cha nne mbele yetu tunaomba walimu na wazazi walisikie hili vizuri.

Wanaklabu tunaipenda zaidi ile miaka yake ya Kampala. 1970 alikutana uso kwa uso na Walter Rodney, mwanahistoria wa Guyana aliekuwa akifundisha Dar es Salaam, Rodney akiitazama Afrika kwa macho ya Umarx, yaani mafundisho ya Karl Marx juu ya matabaka, Mazrui akishikilia kwamba Umarx peke yake hautoshi kuieleza Afrika, na watu mpaka leo wanausimulia mdahalo ule. Walikuwa wanapingana kwelikweli lakini kwa hoja. Mazrui hakuogopa wakubwa pia, 1966 Nkrumah, rais wa Ghana, alipopinduliwa aliandika kumkosoa wakati Waafrika wengi bado wanamuabudu, na Rais Obote akiwa madarakani alimkosoa akiwa yupo hapo hapo Uganda. Akaja Idi Amin 1971, mambo yakabana, na 1973 Mazrui akaondoka, akaenda kufundisha Michigan kisha Binghamton, jimbo la New York.

Kwenye fani yenu, mheshimiwa, wewe unajua kuliko sisi, ila kitabu chake cha 1967, Towards a Pax Africana, kilikuwa kinauliza nani atalinda amani ya Afrika, na jibu lake ni Waafrika wenyewe. Sisi tumekua tunasikia habari za wanajeshi wa Umoja wa Afrika Somalia, walioingia 2007, wakiwemo wa Kenya baadae, kwahiyo swali la 1967 bado ni swali letu. Halafu 1986 akatoa vile vipindi 9 vya televisheni vya BBC ya Uingereza na PBS ya Marekani, kwamba Mwafrika ana urithi wa aina tatu, wa asili yake, wa Uislamu na wa Magharibi. Mtoto wa Mombasa hilo halimsumbui kabisa, ukitoka Old Town unaona misikiti, unaona Fort Jesus ya Wareno, unasikia Kigiriama na Kiswahili na Kiingereza kabla hujafika stendi. Kule Marekani mkuu wa taasisi moja ya serikali iliyochangia pesa alikasirika akataka jina lao litolewe kwenye vipindi, eti vinaishambulia Magharibi.

Sio kila alilosema tunakubaliana nalo. Miaka ya tisini alipendekeza nchi za Afrika zenye nguvu zizisimamie kwa muda zile zilizosambaratika, wasomi wengi wakamjia juu, na hapa klabuni pia tulio wengi tunapinga.

2003 mpaka 2009 alikuwa chansela wa Chuo Kikuu cha Jomo Kenyatta kule Juja. Amefariki Marekani tarehe 12 Oktoba 2014, akaletwa nyumbani akazikwa kwenye makaburi ya ukoo jirani na Fort Jesus. Tunapita hapo kila tukienda mjini.

Sasa maombi yetu. Maktaba ya shule haina hata kitabu kimoja cha Mazrui, tunaomba utusaidie tupate vichache hata kama vimetumika. La pili ni nauli, tukialikwa midahalo nje ya kaunti mara nyingi tunakosa gari tunabaki. La tatu ni wewe mwenyewe, urudi siku ya kawaida isiyo na sherehe utufundishe kujenga hoja.

Baada ya chai tunaanza mdahalo. Mada tumeitoa kwenye mihadhara yake ya Reith, ile ya kila mwaka ya redio ya BBC, mwaka 1979, aliposema Afrika nayo iwe na silaha za nyuklia ili mataifa makubwa yashtuke na wote wakubali kuziacha. Kidato cha tatu wanaunga mkono, kidato cha nne wanapinga, na tunakuomba wewe uwe jaji.