Barua ya wazi kwa Waziri: Kizimamwangwi kisiwashwe kabla ya miangwi kusikilizwa

Mheshimiwa Waziri,

Nakuandikia kuhusu rasimu ya kanuni iliyo mezani kwako, ile inayotaka kila jengo la umma la zamani lipitishwe kizimamwangwi, yaani chombo cha kufuta miangwi, zile sauti za zamani zinazoendelea kusikika ndani ya majengo, kabla ya kukarabatiwa. Mimi ni mtunza nyaraka, na sehemu kubwa ya kazi yangu ni kusikiliza miangwi ya kale inayobaki majumbani na kuiandika, kwa hiyo jambo hili linanigusa moja kwa moja. Ninachoomba ni kwamba usizimwe mwangwi wowote kabla haujasikilizwa na kuandikwa, na kabla wanaohusika nao hawajaulizwa.

Wanaokisifu chombo hiki husema kwamba kinamaliza kazi haraka, na hilo ni kweli. Nimekiona kikiwashwa. Ni silinda ya shaba yenye kimo cha taa ya mezani na matundu madogo ubavuni, ambayo fundi huiweka sakafuni na kuzungusha mpini wake taratibu hadi hewa ya mahali pale ianze kuonekana nzito. Katika jengo nililokuwamo, ngazi zilikuwa na mwangwi uliozoeleka na kila mfanyakazi: nyayo za mtu anayepanda, zinasita kwenye ngazi ya tatu, anavuta pumzi, kisha anaita jina la mtoto mara mbili, mara ya pili kwa sauti ya chini zaidi. Silinda ilipokolea, jina liliitwa mara moja tu. Baadaye zikabaki nyayo peke yake, na muda si mrefu nazo zikapotea. Nilipoomba kuona daftari la kumbukumbu za mwangwi ule, niliambiwa kwamba halikuwahi kuwapo, kwa kuwa hakuna kanuni inayolidai.

Rasimu yako inaweka miangwi katika sehemu ya usafi wa majengo, pamoja na ukungu na mchwa, na hapo ndipo penye kasoro kubwa kuliko zote. Ukungu ukiondolewa ukutani, hakuna mtu anayepoteza haki yake. Mwangwi unaporudia maneno yaliyosemwa chumbani siku mtu alipoonewa, anayeondolewa ni shahidi, ilhali uonevu wenyewe unabaki ulivyotendeka na aliyeutenda anapumua. Kwa mujibu wa rasimu, mwenye haki ya kuomba kizimamwangwi ni mmiliki wa jengo peke yake, naye hatakiwi kueleza sababu. Yaani yule ambaye pengine ana mengi ya kuficha ndiye anayekabidhiwa mpini.

Nitaambiwa kwamba miangwi mingi haina maana: mlango unaofungwa, kikohozi, mtu anayehesabu kwa sauti. Mimi nimeisikiliza mingi ya namna hiyo, na bado sithubutu kusema ni upi usio na maana. Mwaka 1860 Mfaransa Édouard-Léon Scott de Martinville alichora sauti ya mtu akiimba, kwa sindano iliyokwaruza karatasi iliyopakwa masizi. Hakukusudia sauti ile isikike tena. Alitaka tu umbo lake lionekane kwa macho. Karatasi hiyo ilihifadhiwa, na mwaka 2008 watafiti wa Marekani wakaigeuza michoro yake kuwa sauti. Mwanzoni waliicheza kwa kasi iliyozidi, wakadhani wanamsikia msichana, na baadaye wakatambua kwamba mwimbaji ni mwanamume anayeimba polepole. Hata baada ya kupatikana, sauti ile ilihitaji kusikilizwa upya ili ieleweke. Ningependa wataalamu wako waeleze ni kwa kipimo gani fundi atakayekaa jengoni asubuhi moja ataamua kwamba kikohozi fulani hakina la kutuambia.

Ufutaji wa zamani, tena, ulikuwa na huruma ambayo chombo hiki hakina. Mwaka 1229 kurasa za ngozi zilizokuwa na maandishi ya Archimedes, mwanahisabati wa Ugiriki ya kale, zilikwanguliwa ili ziandikwe sala juu yake, lakini wino ulikuwa umezama ndani ya ngozi, na karne nyingi baadaye mwanga na kamera maalumu vikayaibua maandishi hayo, ikiwamo kazi yake moja ambayo nakala nyingine haijapatikana. Kizimamwangwi hakiachi kitu ndani ya ngozi. Wabunifu wake wenyewe wanajivunia hilo.

Sitetei kwamba watu walazimishwe kuishi na miangwi inayowatesa. Mama anayesikia kila usiku kilio cha mwanawe aliyekufa katika chumba kile kile ana haki ya kulala, na akiomba mwangwi uzimwe, asubirishwe kwa siku chache tu, aandikiwe alichokisikia endapo atakubali, kisha chombo kiwashwe. Nasisitiza kukubali kwake, kwa sababu kuna maumivu ambayo mwenyewe hataki yaingie kwenye daftari la mtu yeyote, na sisi watunza nyaraka hatuna budi kuliheshimu hilo.

Kwa majengo ya umma hali ni nyingine. Mahabusu za zamani, shule, hospitali na mahakama zimebeba sauti za watu wasio na mmiliki wa jengo wa kuwasemea. Huko naomba tangazo libandikwe mlangoni kwa muda wa kutosha, jamaa na waliowahi kukaa humo waitwe waje kusikiliza, na kila mwangwi uandikwe na watu wawili wasioajiriwa na mmiliki. Mpaka vifungu hivyo viingizwe, naomba usiitie sahihi kanuni hii, na uamuru vizimamwangwi vilivyokwisha kugawiwa vifungiwe ghalani.

Niko tayari kufika mbele ya kamati yako pamoja na madaftari yangu, siku yoyote utakayoipanga.

Wako mwaminifu,
Mtunza nyaraka