Viti vya mbele havigombewi

Mhariri,

Msomaji mwenzangu aliyeandika humu kwamba opera, yaani igizo la kuimbwa, ni makelele ya Wazungu wenye pesa na sisi watu wa kusini haituhusu, nadhani hajawahi kusimama nyuma ya jukwaa la shule siku ya mahafali.

Binti yangu anasomea muziki Bagamoyo. Alipokuja likizo alinionyesha opera ya Mmarekani Leonard Bernstein, Trouble in Tahiti, akinitafsiria huku tunachambua dagaa. Ni fupi, kama dakika 45, na ilionyeshwa mara ya kwanza mwaka 1952. Muziki wake, maneno yake. Tena alianza kuitunga akiwa kwenye fungate! Hapo nilicheka.

Mume ni Sam, mke ni Dinah. Wana nyumba nzuri pembeni ya mji, na waimbaji watatu wanaisifia kama tangazo la redio. Humo ndani chai ya asubuhi hainyweki kwa ugomvi. Mchana wanagongana mtaani, kila mmoja anasingizia kwamba ana miadi ya chakula na mtu. Hakuna mwenye miadi. Dagaa niliwaweka chini. Hapa Lindi nina majirani, mume kaaga anakwenda Nangurukuru, mke kaaga anakwenda kumwona mgonjwa, wakakutana stendi kwa muuza chipsi. Wakasalimiana kama wageni.

Ila kilichonikaa rohoni ni mtoto wao, Junior, ambaye jukwaani hata haonekani. Siku hiyo ana igizo shuleni. Baba kaenda kwenye mashindano ya mpira wa mikono, mama kaenda sinema. Usiku ndipo wanaulizana, kumbe hakuna aliyekwenda. Halafu wanatoka pamoja kwenda kuangalia filamu ileile ambayo mama mchana kaiona na kuiponda.

Nafundisha ngonjera mwaka wa 19 sasa. Mwaka jana kijana wangu mmoja wa darasa la saba alikwama ubeti wa pili, macho mlangoni. Shairi analijua kama jina lake. Baba alidhani mama yupo, mama alidhani baba yupo. Baba alikuwa kibanda umiza, mama kwenye kikoba. Nilimsomea mstari kwa kunong'ona, akamaliza.

Huyo mwenzangu kama yuko Lindi, mahafali yetu ni Ijumaa saa tatu asubuhi. Asiwahi sana, viti vya mbele huwa havigombewi.

Mwalimu wa shule ya msingi,
Mtanda, Lindi