Malalamiko kuhusu mbegu za lotasi zisizolingana na pakiti

Kwa Meneja wa Huduma kwa Wateja,

Ndugu Meneja,

YAH: MBEGU ZA LOTASI KWA AJILI YA TANGI LA SAMAKI

Husika na kichwa cha habari hapo juu.

Nilinunua dukani kwenu pakiti iliyoandikwa kuwa ina mbegu za lotasi nyekundu inayofaa kwa tangi la samaki la nyumbani. Picha yake inaonyesha majani mekundu yenye madoa yaliyotanda chini ya maji, nayo ni picha ya Nymphaea lotus, yungiyungi la asili ya Afrika, ambalo wafugaji wa samaki wa mapambo hulipenda kwa kuwa huota kutoka kwenye kiazi kidogo na, likipunguzwa majani yanayokimbilia juu, huridhika kuishi ndani ya maji.

Nilichokikuta ndani ni mbegu nyeusi, ngumu, zenye ukubwa wa punje ya karanga. Mbegu za Nymphaea hazizidi milimita chache. Hizi ni za Nelumbo nucifera, lotasi ya Asia, ambayo kiukoo iko karibu na mmakadamia kuliko yungiyungi. Karatasi yenu ya maelekezo inathibitisha hilo, kwani inamtaka mteja asugue ganda kwa msasa kabla ya kuloweka, jambo linalohitajika kwa Nelumbo kwa sababu ganda lake halipitishi maji. Aliyeandika maelekezo hayo alijua anauza nini.

Majani ya mwanzo yalielea vizuri. Yaliyofuata yalisimama juu ya maji kwa vikonyo vyenye vimiba, yakagota kwenye mfuniko na kuungua kingo kwa joto la taa. Mmea huu, ambao ukikomaa unaweza kupanda zaidi ya mita moja juu ya maji na unataka jua kali kwa saa nyingi, hauwezi kustawi katika tangi lenye kina cha sentimita 40. Nimeuhamishia kwenye beseni pana uani, kwa maana wenyewe hauna kosa lolote.

Pakiti hizo bado zinauzwa, na kila anayezinunua ataamini kwamba ameshindwa kulea mmea. Kwa hiyo naomba mnirudishie fedha zangu kwa mujibu wa risiti niliyoambatisha, muondoe picha hiyo pamoja na maneno "inafaa kwa tangi la samaki", na muandike jina la kisayansi kwenye kila pakiti. Naomba majibu yenu kwa maandishi.

Wenu,
Mteja, Tanga