Fumbo la sehemu lisome kuanzia mwishoni

Mwanangu,

Kuzidisha na kugawanya sehemu unajua. Kinachokupotezea alama kwenye mafumbo ni kukimbilia namba kabla hujajua kila sehemu ni sehemu ya kitu gani. Hebu shika kalamu tufanye hili.

Mama alitumia robo ya fedha zake kununua unga, kisha 2/5 ya zilizobaki akanunua mafuta, akabakiwa na shilingi 9,000. Alikuwa na shilingi ngapi?

Anza na hizo 9,000, maana ndizo pekee tunazozijua kwa hakika. Ukitoa 2/5 zinabaki 3/5. Kwa hiyo 9,000 ni vipande vitatu kati ya vitano vya fedha zilizokuwepo kabla ya mafuta. Kipande kimoja ni 3,000, na vitano ni 15,000. Hapo umegawanya 9,000 kwa 3/5, yaani umezidisha kwa 5/3. Ile kanuni ya kugeuza kiasi (namba ya juu) na asili (namba ya chini) unapogawanya kwa sehemu imetoka hapo hapo. Sasa rudi hatua moja nyuma. Zile 15,000 ni 3/4 ya fedha zote, kwa hiyo 15,000 × 4/3 = 20,000.

Hakiki kwa kwenda mbele: robo ya 20,000 ni 5,000, zinabaki 15,000, 2/5 yake ni 6,000, zinabaki 9,000. Imekubali. Usiruke kuhakiki hata kama muda unakubana.

Wengi hujumlisha 1/4 na 2/5, wakapata 13/20, wakasema zimebaki 7/20. Ukigawanya 9,000 kwa 7/20 unapata 25,714 na desimali zisizokwisha. Kosa ni kwamba 2/5 ilikuwa ya zilizobaki, si ya fedha zote. Yapigie mstari maneno "ya zilizobaki" kila unapoyaona. Wengine huzidisha 9,000 kwa 3/5 wakapata 5,400. Mtu ataanzaje na 5,400 abakiwe na 9,000?

Mpangilio nao una mtego wake. Namba fulani ikizidishwa kwa 2/3 kisha ikaongezwa 4, jibu ni 14. Tendo la mwisho ndilo unalolifuta kwanza: 14 − 4 = 10, halafu 10 × 3/2 = 15. Ukianza kugawanya utapata 21, ukitoa 4 utabaki na 17, na 17 haikupeleki kwenye 14.

Sehemu mchanganyiko, kama 2 1/2, igeuze kuwa 5/2 kabla ya kuzidisha au kugawanya. Kwa kutoa si lazima.

Hili fanya mwenyewe: lori lilishusha 3/8 ya mifuko yake ya saruji, kisha mifuko 20 mingine, ikabaki 60. Ilikuwa mingapi? Zingatia kwamba ile 20 ni mifuko kamili, si sehemu, kwa hiyo irudishe kwa kujumlisha kabla hujagusa 5/8. Ukipata 96 ujue umeisahau. Jibu ni 128.

Mzazi wako