Mlingoti wa Kisauni na sahihi ya marehemu mama yangu

Kwa Meneja Mkuu,

MINT: JINA LA MAREHEMU KATIKA FOMU ZENU, NA MLINGOTI WA SIMU ULIO NYUMA YA CHUMBA CHANGU

Salamu kwako na kwa wenzako. Taratibu zenu mwazijua kunishinda, kwa hivyo sitawasomea Sheria ya Mazingira ya 1999 wala kuwaeleza maana ya kushirikisha umma. Nataka kuzungumza juu ya mama yangu.

Jumatatu nilifika ofisini kwenu na nakala ya ripoti ya athari kwa mazingira, ile mliyoipeleka NEMA, mamlaka ya mazingira, mkapewa leseni ya mlingoti. Kwenye fomu za majirani, jina la saba ni la mama yangu. Panapoulizwa maoni pameandikwa, "Naukaribisha mradi." Fomu hiyo ilipojazwa, mama alikuwa na mwaka wa nne kaburini. Nikamwonyesha kijana wenu anayeshughulikia mambo ya jamii. Akaitazama, akacheka, akaniambia, "Mzee, hata marehemu ni mdau."

Mbele ya wateja, ndugu Meneja.

Sisi hatuukatai mtandao. Laini ninayotumia ni yenu. Wala sikuja kubishana na fizikia. Mkisema mawimbi hayapiti viwango vya kimataifa, hilo wenye vipimo watalipima. Jenereta la mlingoti halihitaji mtaalamu. Linanguruma hatua sita kutoka kitandani mwangu, na moshi wa dizeli unaingia hata dirisha likiwa limefungwa. Aliyewapa kiwanja anapokea kodi kila mwezi na anaishi Nyali. Moshi ametuachia sisi.

Na kabla ya hayo, katikati ya Ramadhani, mlimwaga zege usiku wa Ijumaa, mahakama zimefungwa, siku mbili tu baada ya kukabidhiwa amri ya kusimamisha kazi kutoka NET, baraza linalosikiliza rufaa za mazingira. Sasa wakili wenu anadai kuwa rufaa yetu ilichelewa, kwamba siku 60 zilikwisha. Zingeachaje kwisha? Leseni ilitoka kimya kimya. Sisi habari tuliipata kwa kuona shimo.

Lakini kijana wenu hanitoki moyoni. Nilikuwa nimesimama kaunta, karatasi nimeishika kwa mikono miwili. Nilimweleza polepole kwamba mama hakujua kalamu. Maisha yake yote alitia dole gumba, hata kwenye hati ya shamba. Na hapa pana sahihi ya mkato yenye mkia mrefu kama ya meneja wa benki! Ndipo alipocheka. Haikuwa kicheko cha aibu. Alimgeukia mwenzake kwanza, ahakikishe anasikia, kisha ndipo akasema hata marehemu ni mdau. Mama mmoja aliyekuja kusajili laini akasema, "Astaghfirullah." Kijana wenu akaita, "Anayefuata!"

Mnakumbuka Juni 2019, NET ilipofuta leseni ya mtambo wa umeme wa makaa ya mawe kule Lamu kwa sababu wananchi hawakushirikishwa ipasavyo. Ule ulikuwa mradi wa megawati 1,050. Wenu ni mlingoti.

Nilipoanza kuandika nilikusudia kuomba mambo mawili tu: jina la mama litolewe kwenye ripoti, na kijana huyo aje nyumbani aombe radhi. Nimeisoma tena barua yangu na naona hayatoshi. Jenereta lizimwe leo. Mlingoti ung'olewe, na shimo mlifukie wenyewe, katika siku 14. Zikipita, fomu hii naipeleka polisi, maana kughushi sahihi ni jinai, na aliyeijaza atatajwa kwa jina. Kisha tutakutana katika Mahakama ya Mazingira na Ardhi kwa Kifungu cha 70 cha Katiba, ambacho hakimlazimishi mtu kuthibitisha hasara kwanza. Na gharama tutazidai, hata zile za nauli.

Nyuma ya barua hii wametia sahihi majirani 18, wote wako hai, na namba zao ni za kweli. Wapigieni. Ile mliyoiandika mbele ya jina la mama yangu niliipiga mwenyewe juzi usiku. Haipatikani.

Wenu,
Mkaazi wa Kisauni, Mombasa