Mkono mmeupa aya tatu, Mathai hata mstari

Mhariri,

Makala yenu ya Jumapili kuhusu marehemu Mohamed Amin, mpiga picha za habari, nimeisoma mara mbili, mara ya pili kalamu mkononi. Mmeeleza vizuri alivyoanzisha kampuni yake ya picha, Camerapix, Dar es Salaam mwaka 1963, alivyotiwa ndani Zanzibar, na picha za njaa za Korem, Ethiopia, Oktoba 1984, zilizowaliza watu hadi Ulaya. Hapo sina neno. Kisha mkafika Addis Ababa, Juni 1991, ghala la silaha lilipolipuka akapoteza mkono wa kushoto. Mkono huo, pamoja na ule wa bandia aliorudi nao kazini, mmeupa aya tatu. John Mathai, fundi wake wa sauti aliyeuawa na mlipuko huo huo, hamkumpa hata mstari.

Mimi nilikuwa fundi sauti kwa miaka kumi na tisa. Sikufanya kazi na Mathai, ila kazi yake mgongo wangu unaikumbuka hadi leo.

Siku zile kamera na boksi la sauti viliunganishwa kwa waya. Wangu ulikuwa wa futi nane hivi. Mwenye kamera akikimbia, nawe unakimbia, akichutama, unachutama. Akiona picha nzuri iko mbele hakuulizi, unashtukia waya unakuvuta. Yeye jicho limo kwenye kitundu, kwa hiyo mkono wako mmoja unashika mshipi wake asijikwae akirudi nyuma, na wa pili umebeba fimbo ya maikrofoni. Halafu kuna hili ambalo wengi hawalijui: ukishavaa hedifoni, mlio huingia masikio yote mawili sawasawa. Risasi unaisikia kuliko mtu yeyote pale, lakini huwezi kujua imetoka kushoto au kulia. Mara mbili nilikimbilia kule kule zilikotoka. Wenzangu walicheka sana, baadaye.

Ndiyo maana nikisoma "Amin na kikosi chake" roho inaniuma. Kikosi gani? Walikuwa watu wenye majina.

Na si Mathai peke yake. Mogadishu, tarehe 12 Julai 1993, helikopta za Marekani ziliposhambulia nyumba kwa makombora, waandishi walikwenda kuangalia na umati wenye hasira ukawaua wanne: Dan Eldon, Hos Maina, Hansi Krauss na Anthony Macharia. Eldon anajulikana sana, na hiyo ni haki yake. Macharia alikuwa fundi sauti, Mkenya mwenzetu. Hebu muulizeni kijana yeyote anayesomea uandishi wa habari hapa Nairobi kama amewahi kulisikia jina hilo.

Leo kijana huenda vitani peke yake, simu mfukoni na kimaikrofoni cha kubana kolani. Sijui kama hiyo ni heri. Waya wangu mimi mama watoto anauanikia nguo.

Naomba masahihisho, tena ukurasa ule ule, si kule nyuma kwenye matangazo ya vifo. Yasomeke hivi: "Katika mlipuko wa Addis Ababa, Juni 1991, fundi sauti John Mathai aliuawa." Hayo hayatakula nafasi.

Fundi sauti mstaafu,
Pangani, Nairobi