Da Zuhura, lile neno nalirudisha

Barking, London
Jumapili usiku

Da Zuhura,

Assalaam alaykum. Barua hii utapewa na Mwanakhamis, na najua utaiweka juu ya kabati siku mbili kwanza ili nikome. Iweke. Ila usimpe Kaka Khamis aisome kabla yako, maana ni yeye aliyelichukua neno langu kwenye simu akalipeleka barazani, na mpaka leo hajanieleza alilipeleka kwa faida ya nani.

Nikiri mapema. Neno nililiandika mimi. Nilikuwa natoka zamu ya usiku, nikakuta ujumbe wa Suleiman: "Mamdogo, naomba milioni 3.5 ya Vespa, nataka kutembeza wageni Mji Mkongwe niwaonjeshe vyakula vyetu." Nikajibu palepale kwenye kundi, ukoo mzima unasoma, kwamba sikuja Ulaya kulipia upapasi, yaani kuganda watalii njiani. Ningeweza kumjibu pembeni, sikufanya hivyo, na kosa hilo ni langu.

Friza lakini si kosa langu. Pesa za friza ya juisi nilizituma zote kwa mkupuo mmoja, risiti ninayo, na leo nasikia iko Kikwajuni kwa watu, inagandisha barafu ya samaki. Nani aliipeleka huko? Miezi minane nauliza, kila mtu ananiambia "tutaongea." Aliyeumwa na nyoka akiona ung'ongo hushtuka, Da Zuhura. Nikisikia "mtaji" tu, naiona ile friza.

Sasa zile picha zangu nikitembezwa na kulishwa. Nasikia zimepita nyumba kwa nyumba: Rukia anakula raha London, pesa za mtoto hana. Sikununua hata tonge moja. Bibi ninayemhudumia ana binti yake, na nilipotimiza miaka mitano kwao akanipa tiketi ya kutembezwa mtaani na kulishwa. Nilicheka. Nimekaa mji huu miaka 11, ati nitembezwe kama mgeni! Usiku nikaangalia bei yake kwenye simu: karibu paundi 90 kwa mtu mmoja. Ni kama laki tatu zenu hizo. Kwa kutembea kwa miguu na kuonjeshwa vipande.

Mtaa unaitwa Spitalfields, upande wa mashariki ya mji, pale Brick Lane inapopita. Tulikuwa watu 12, na mwongozaji wetu kijana mwembamba wa umri wa Suleiman, ana mwavuli wa manjano ili tusipoteane. Saa nne kamili keshafika, majina yetu anayo kichwani. Siku tatu kabla alikuwa ameniandikia kuniuliza nini sili. Nikamjibu kuwa nguruwe sili, pombe sigusi, na nyama isiyochinjwa kwa njia yetu sili. Nikajua siku hiyo nitashinda na njaa. Basi tulipofika pa kwanza wenzangu wakapewa mkate wa nyama ya nguruwe, mimi nikaletewa wa mayai, umefungwa peke yake, na kikaratasi kimeandikwa jina langu, tena bila kukosea herufi. Kile kikaratasi ninacho mpaka sasa ndani ya pochi. Usinicheke.

Mwambie Suleiman asikie hilo, lina thamani kuliko Vespa.

Pale kati pana njia nyembamba, Fournier Street, nyumba zake za matofali zimebanana kama zetu za Kajificheni, ila ndefu na nyeusi zaidi. Walikaa Waprotestanti wa Ufaransa waliokimbia nchi yao baada ya mfalme kuwafutia ruhusa ya kuabudu, mwaka 1685. Kazi yao kufuma hariri. Ghorofa ya juu kabisa ina madirisha mapana, maana mfumaji anataka mwanga, na mishumaa ilikuwa ghali. Kijana hakutusomea karatasi. Alitusimamisha upande wa pili wa njia, akatuambia tuangalie juu, akanyamaza mpaka tukaona wenyewe.

Mwisho wa njia ile, kwenye kona, pana msikiti. Jengo lilelile, kuta zilezile: 1743 walilijenga hao Wafaransa likiwa kanisa, likaja kuwa la Wamethodisti, 1898 Mayahudi wakalifanya sinagogi, na tangu 1976 wanaswali Wabangali. Juu ukutani pana saa ya jua yenye maneno ya Kilatini, Umbra sumus, yaani sisi ni kivuli. Wenzangu wote shingo juu wanapiga picha saa. Mimi nilikuwa naangalia mlangoni, viatu vimerundikwa ovyo, kandambili ya bluu imelalia kiatu cha ofisini, sawasawa na msikiti wetu Ijumaa. Hapo nilishikwa na kitu kooni. Nikajifanya nafunga mtandio.

Tuyaache hayo. Mkate wa Mayahudi unaitwa bagel, wa duara, una tundu katikati kama bangili. Unachemshwa kwanza kwenye maji ndipo uingie tanuri, kwa hiyo ganda linang'aa na ndani unavutika ukitafuna. Kuna duka Brick Lane linauza usiku na mchana. Mama nyuma ya meza ana kisu kirefu, anapasua mkate, anapaka, anajaza, anafunga, hata uso hainui, na ukichelewa kusema unachotaka anahamia kwa mwenzako. Wenzangu walikula wa nyama ya ng'ombe iliyolazwa siku nyingi kwenye maji ya chumvi kisha ikachemshwa, na haradali inayopanda puani. Mimi wa jibini na samaki wa moshi. Huyo samaki wao, Da Zuhura, hajaiva! Ni laini kama papai. Nilimeza kwa heshima ya tiketi.

Kisha chipsi na samaki, chakula cha taifa hili. Kijana akasema samaki wa kukaanga hivi wamekuja na Mayahudi waliotoka Hispania na Ureno, na kwamba inasemekana duka la kwanza la kuuza samaki pamoja na chipsi lilifunguliwa na Myahudi mmoja, Joseph Malin, maeneo hayohayo, karibu mwaka 1860, ila watu wa kaskazini wanabisha, wanasema la kwanza lilikuwa kwao. Neno lake "inasemekana" nililipenda. Hakutaka kutudanganya ili tufurahi. Sisi wale vijana wa Forodhani kila nyumba wanasema alilala Sultani, kila mlango una miaka 500.

Sasa nikupe lililonipata mwisho, na hili msome wote, hata Kaka Khamis.

Tuliingia kwa Wabangali. Wengi wao pale asili yao Sylhet, wazee wao walianza kuja kama mabaharia kwenye meli za Waingereza, na leo hata vibao vya majina ya mitaa vimeandikwa kwa Kibangali. Tukaletewa sambusa zao, nikaila moja, nikanyamaza. Hazifikii zako na haukuwa wakati wa kusema. Kijana akapanga visahani vya viungo mezani: iliki, mdalasini, bizari, karafuu. Akasema, "Hivi vyote vilitoka India."

Mkono wangu ulipanda wenyewe.

Nikasema karafuu hapana. Karafuu asili yake visiwa vya Maluku, Indonesia, ikaja kwetu Unguja mwanzoni mwa karne ya 19, Sultani Seyyid Said akawalazimisha watu kuipanda mashambani, na kimbunga cha 1872 kilipoangusha mikarafuu ya Unguja, Pemba ikasalimika ikawa ndiyo mama. Nikawaambia babu yangu alikuwa na shamba Wete na nilipokuwa mdogo likizo zangu zote ziliishia juu ya jamvi. Sina kishada, nikachukua kitambaa cha mkono nikakikunja, nikawaonyesha tunavyochambua: unakibinya kiganjani, unakizungusha, karafuu huku, vikonyo kule. Nikawaambia na vikonyo havitupwi, vinatoa mafuta. Watu 12 kimya, wananitazama mikono. Yule kijana hakukasirika hata kidogo, alitoa daftari akaandika, akasema kuanzia wiki ijayo atasema hivyo. Wakanipigia makofi. Mimi, Rukia, niliyefeli Jiografia skuli mkanicheka mwaka mzima.

Tukiwa tunatoka, mke na mume kutoka Chicago, watu wazima, wakaniandama. Wanakuja Unguja mwezi wa nane. Wakaniuliza kule nani atatutembeza na kutulisha hivi?

Da Zuhura, ulimi huu sijui ulikuwa wa nani. Nikasema, "Mwanangu anafanya kazi hiyo."

Nilisema mwanangu. Wala sikusema mtoto wa dada, nikasema mwanangu, na kifua mbele. Nikawaambia anajua kila uchochoro, anajua kupika, Kiingereza chake kizuri. Wakaandika namba yake kwenye simu zao. Nilipanda treni ya kurudi Barking nikiwa nimefurahi mpaka kituo cha tatu, ndipo nikakumbuka kwamba huyo mwanangu ndiye niliyemwita papasi na hajanisemesha wiki tisa.

Basi nalirudisha neno. Mwambie, na kama hataki kusikia kutoka kwako nitampigia mwenyewe, akinikatia simu nitapiga tena.

Lakini milioni 3.5 sitoi, tusije tukaelewana vibaya. Nilipiga hesabu ndani ya treni: watu 12 kwa laki tatu ni milioni 3.6 kwa asubuhi moja, na kijana alikuwa na mwavuli tu. Bila shaka nyingi anawaachia wenye maduka, lakini pikipiki sikuiona. Vespa ya nini kwenye matembezi ya miguu? Kwanza leseni. Aende Kamisheni ya Utalii aulize mafunzo na ada, anitumie karatasi, nitalipa mimi moja kwa moja. Pesa haipiti kwa Kaka Khamis. Wala kwa mwenye friza.

Na njia yenyewe aifikirie. Asianze adhuhuri, Wazungu watamyeyukia. Alasiri, jua likishuka, aanzie Darajani, lile soko la 1904, upande wa viungo na matunda. Wa samaki awaulize kwanza, wengine matumbo yao mepesi. Mkunazini awasimulie taratibu na asiongeze chumvi, pale hapahitaji: soko la watumwa lilifungwa 1873 na mwaka huohuo wakaweka msingi wa kanisa. Jaws Corner wakae kwenye baraza na wazee, kahawa chungu, vikombe vidogo. Forodhani baada ya magharibi, urojo na miwa. Mwezi wa Ramadhani asitembeze mtu na chakula mchana, hata kama wanalipa dola mia. Asiwapeleke kwa rafiki yake wa vinyago ili apate asilimia, maana hapo ndipo upapasi unapoanzia. Awapigie wenye chakula dakika tano kabla, kama yule kijana alivyokuwa anafanya kwa siri na simu yake, tukifika sahani zinafuka moshi. Na vyoo! Ajue vyoo vilipo. Yule alijua kila choo cha Spitalfields.

Kati ya Jaws Corner na Forodhani wapite kwako. Nimewaza sana hili. Kikaango cha vitumbua cha marehemu mama bado unacho, au nacho kiko Kikwajuni? Ukae pale mlangoni alipokuwa anakaa yeye, umimine mbele yao, wale cha kwanza kikiwa bado kinachoma vidole. Utoze bei ya haki na usiwape bure kwa aibu, nakujua. Hapa kuna duka la Msomali linauza vitumbua Jumamosi, vimejaa baking powder, havina hata harufu ya iliki. Nanunua vinne kila wiki na kila wiki najuta.

Mvua za masika zimekatika? Paa la jikoni nimelikumbuka, mwisho wa mwezi nitatuma za mabati sita, na hizo ni zako, hazihusiani na habari hii. Nijibu, hata kama ni kunitukana.

Mdogo wako,
Rukia

Nimesahau. Yule mume wa Chicago hali karanga, alinionyesha dawa anayotembea nayo. Kwenye kahawa Suleiman asimpe kashata za karanga. Ampe za nazi, na zitoke sinia yake peke yake.